Lord Delamere: kondoo, ngano na siasa za ardhi

Ndugu wasikilizaji, habari za Lord Delamere, mlowezi wa Kiingereza nchini Kenya, kwa kawaida huanza na ubwana wake. Aliitwa Hugh Cholmondeley, alizaliwa 1870, akarithi cheo na mali ya Vale Royal huko Cheshire, Uingereza, akiwa na miaka 17 tu. Leo naomba tuanzie kwenye zizi la kondoo, maana humo ndimo zilimozaliwa siasa zake.

Aliziona nyanda za juu za Kenya kwa mara ya kwanza 1897, katika safari ndefu ya uwindaji kutoka Somalia. Mwaka 1903 akaja kukaa. Serikali ya kikoloni ilimpa ekari 100,000 kule Njoro kwa mkataba wa miaka 99: kodi pauni 200 kwa mwaka, na sharti la kutumia pauni 5,000 kuiendeleza ndani ya miaka mitano ya mwanzo. Pigeni hesabu kwa peni za wakati ule, 240 kwa pauni moja. Kila ekari haifiki hata nusu peni.

Akaagiza kondoo wa merino, aina ya kondoo wa sufu, kutoka New Zealand, na majike ya Kimaasai akayapandisha kwa madume ya kigeni. Majani yalikuwa tele, lakini kondoo wakakonda na kufa. Udongo wa upande wa Nakuru una upungufu wa madini ya kobalti. Vijidudu vya tumboni mwa kondoo huhitaji kobalti kutengeneza vitamini B12. Isipokuwepo, mnyama hupoteza hamu ya kula, sufu hudhoofika, ukimfunua kope unakuta ndani kumepauka kwa kukosa damu. Anakufa na njaa katikati ya majani mabichi. Wanasayansi walikuja kulitambua jambo hilo Australia mwaka 1935, Delamere alishazikwa. Wamaasai, bila maabara yoyote, walijua kwamba malisho ya Njoro hayafai kukaliwa na mifugo. Hilo mimi naliona kuwa funzo kubwa kuliko yote ya shamba lile, na halikusikilizwa.

Mwaka 1906 alipata ardhi nyingine, Soysambu, kando ya ziwa Elmenteita, akahamishia mifugo huko. Njoro akalima ngano, nayo ikapatwa na kutu. Ugonjwa huu ni wa kuvu: ukipitisha vidole kwenye bua, vinatoka na unga wa rangi ya matofali. Unga huo ndio mbegu za kuvu, na upepo huzibeba shamba hadi shamba. Kuvu hunyonya chakula kilichokuwa kiende kwenye punje, ukivuna unapata punje zilizosinyaa. Delamere alimwajiri mtaalamu wa kuzalisha aina zinazostahimili. Kazi yenyewe ni ya subira: unalifungua ua kwa kibano, unatoa stameni, yaani sehemu za kiume za ua, kabla hazijapasuka, unalifunika suke kwa mfuko, kisha unaleta chavua ya aina nyingine. Tabu ni kwamba kuvu nayo hubadilika, na aina iliyostahimili jana huanguka kesho. Mwaka 1908 akaanzisha kinu, Unga Limited.

Hasara hizo zote zililipwa na mali ya Cheshire na mikopo ya benki. Mtu aliyezamisha urithi wake ardhini hawezi kukubali ardhi hiyo ijadiliwe. Aliingia Baraza la Kutunga Sheria lilipoanza 1907, akawa kiongozi wa walowezi, akidai nyanda za juu ziwe za Wazungu peke yao. Wakati huohuo Wamaasai walihamishwa kwa mikataba ya 1904 na 1911. Walipokwenda mahakamani 1913, kesi yao ilitupwa. Mwaka 1923 Delamere alikwenda London kupinga Wahindi kupewa haki sawa ya kura. Serikali ikatoa waraka uliosema maslahi ya Waafrika yatangulie. Walowezi hawakupata utawala wao wenyewe, lakini nyanda za juu zikabaki zao.

Alifariki Novemba 1931, akazikwa Soysambu. Barabara ya Nairobi iliyobeba jina lake sasa ni Kenyatta Avenue. Soysambu, takriban ekari 48,000, bado iko mikononi mwa ukoo wake.