Fundi Arudi au Abaki Dodoma?

BEKA: Karibuni tena kibarazani. Leo mnivumilie, nina msiba.

ZUHURA: Wasikilizaji, msimpe pole. Hajafa mtu.

BEKA: Fundi redio amehamia Dodoma.

ZUHURA: Yule wa drafti? Si kila siku ulikuwa unaomba ahame?

BEKA: Miaka sita hatusalimiani. Akitaka kunila kete tatu, kwanza anagonga kizibo ubaoni, ko-ko-ko, ananitazama usoni, ndipo anaruka. Jumatatu nimecheza na mwingine, nimemfunga mara nne. Kahawa haikushuka, dada. Nikasema leo tuongee Batman, yule shujaa wa vitabu vya katuni, na adui yake Joker.

ZUHURA: Na Batman ni wewe.

BEKA: Ngoja. Batman wazazi wake walipigwa risasi mbele ya macho yake. Sasa kwenye kitabu cha The Killing Joke, 1988, Joker anamteka Gordon, kamishna wa polisi, aonyeshe kwamba siku moja mbaya inatosha kumtia wazimu mtu yeyote. Ni kama anamwambia Batman: mimi na wewe wamoja.

ZUHURA: Barbara, binti wa Gordon, kafungua mlango akapigwa risasi, miguu ikapooza. Huyo mbona unamruka?

BEKA: Simruki. Ila mwisho wanacheka wote wawili mvuani. Batman anamhitaji yule mtu.

ZUHURA: Anayesema wanahitajiana ni Joker! Tangu lini mwizi akawa shahidi? Anayemhitaji ni mwenye duka, anayeuza vitabu. Mwaka 1940, toleo la kwanza kabisa la Batman, Joker alikuwa afe kwa kisu chake mwenyewe. Mhariri akakataa, ikaongezwa picha moja ya kuonyesha bado anapumua.

BEKA: Duka limemweka hai, sawa. Lakini kinachotuvuta sisi ni nini?

ZUHURA: Sisi? Mwaka huohuo wa 1988 wasomaji waliulizwa kwa simu: Jason Todd, Robin wa pili, yule kijana msaidizi wa Batman, kapigwa na Joker kwa mtaimbo, afe au apone? Afe, 5,343. Apone, 5,271.

BEKA: Kura 72! Mtoto wa watu kafa kwa kura 72!

ZUHURA: Basi na sisi tupige. Kundi letu la WhatsApp liko wazi: fundi arudi, au abaki Dodoma?

BEKA: Zuhura, acha.

ZUHURA: Zimeanza. Abaki, tisa. Mama yako naye: abaki, siku hizi Beka anakula chakula kikiwa cha moto.

BEKA: Mama ni kura moja tu.

ZUHURA: Abaki, kumi na nne. Arudi, tatu.

BEKA: Turudi kwenye mada. Bila Joker, Batman ni tajiri anayezurura usiku.

ZUHURA: Bila Joker, Barbara anatembea.

BEKA: Hujanijibu.

ZUHURA: Na wewe hujanijibu.

BEKA: …

ZUHURA: Haya, nimekaa. Sikubali.

BEKA: Wala mimi.

ZUHURA: Wenye chumba wanagonga, tuna dakika moja. Ulisema una mafunzo matatu.

BEKA: Nimeyaandika hapa, la kwanza… aa, basi. Kura zimefika ngapi?

ZUHURA: Abaki, ishirini na mbili. Arudi, nne.

BEKA: Angalau imeongezeka moja.

ZUHURA: Hiyo ya nne ni namba yako, Beka.