Jicho Moja, Kazi Tatu

Ndugu zangu, asanteni kwa kuja. Leo nazungumza na ninyi mnaoandika filamu, mnaoiongoza na kushika kamera wenyewe. Naanza na Jumamosi.

Christopher Nolan alipotengeneza Following, filamu iliyotoka mwaka 1998, yeye na waigizaji wake walikuwa na ajira zao katikati ya wiki. Walirekodi Jumamosi, wakaendelea hivyo kwa karibu mwaka mzima. Hadithi aliiandika mwenyewe, akaiongoza, na kamera akaishika yeye. Mkanda wa milimita 16 ni ghali, kwa hiyo walifanya mazoezi mpaka teki, yaani jaribio la kurekodi, ya kwanza au ya pili itoshe.

Hayo mazoezi ndiyo ninayotaka tuyatazame. Ukishainama kwenye kamera, jicho lako lina shughuli: linatafuta fokasi ili picha iwe kali, linapima mwanga, linachungulia pembeni kama maikrofoni imeingia kwenye picha. Mwigizaji analia mbele yako nawe humwoni. Unachoona ni kope zake, kama zimetulia au zina ukungu. Mimi nilipoteza sini nzima, yaani tukio zima la filamu, kwa sababu hiyo. Picha ilikuwa safi kabisa, lakini nilipoketi kuhariri nikamwona mwigizaji wangu anakariri maneno, hasemi na mtu. Siku ile hakuna aliyekuwa akimtazama. Tangu hapo mimi huongoza kabla ya kuwasha kamera. Yote ya kuambiana na mwigizaji tunayamaliza mazoezini.

Kwenye uandishi, kinyume chake, kushika kamera ni faida. Robert Rodriguez, mwongozaji mwingine aliyeshika kamera mwenyewe, kwanza alijiuliza ana nini: basi, baa, mbwa, shamba. Kisha ndipo akaandika El Mariachi ya mwaka 1992, iliyorekodiwa kwa takriban dola 7,000. Anayejua kwamba kesho atabeba kamera begani haandiki umati wa watu elfu. Anaandika mtu mmoja mlangoni, anayesita kubisha, na mara nyingi sini hiyo ndiyo inayokaa moyoni mwa mtazamaji.

Ila kazi ya sauti, tafadhali, msiichukue ninyi; mwachieni mtu mwingine. Nasema hivi kwa uchungu. Mtazamaji huvumilia picha yenye giza, lakini maneno yasiyosikika humchosha haraka. Hata kama mko watatu tu, mmoja avae hedifoni na asipewe kazi nyingine yoyote. Huyo ndiye atakayeinua mkono, wakati ninyi wengine mnashangilia, na kusema: neno la mwisho limemezwa na upepo, turudie.