Meja Poore: Gongo na Shajara

Mwenyekiti, mabibi na mabwana, ahsanteni. Mtaje Robert Poore hata mbele ya mashabiki wa kriketi, wengi watakutolea macho tu. Alizaliwa Dublin mwaka 1866, akaingia jeshi la Uingereza, na mchezo ukamkolea akiwa mtu mzima huko India. Alikuwa mpambe wa Lord Harris, gavana wa Bombay, aliyepata kuwa nahodha wa Uingereza. Bosi wa namna hiyo hakuachi ukae bila gongo la kriketi mkononi!

Kikosi chake kikapelekwa Afrika Kusini. Mwaka 1896 timu ya Uingereza ilipozuru huko, wenyeji wakamwita yeye, askari wa Malkia, aichezee Afrika Kusini dhidi ya Waingereza wenzake. Siku hizi karatasi za uraia zingemkwamisha. Alicheza mechi tatu za kimataifa, akaambulia mikimbio 76. Tusimcheke: mrushaji aliyemkabili ni George Lohmann, aliyeangusha wiketi 35, yaani aliwatoa wapigaji mara 35, katika mechi hizo tatu.

Sasa njooni 1899. Poore ni meja, yuko Uingereza, anaichezea timu ya jimbo la Hampshire. Kati ya Juni na Agosti anavuna mikimbio 1,399. Julai, pale Taunton dhidi ya Somerset, anapiga 304 peke yake. Yeye na Kapteni Wynyard, mwanajeshi mwenzake, wanaongeza 411 kwa wiketi ya sita, yaani wakiwa pamoja baada ya wenzao watano kutolewa. Wastani wake wa msimu, mikimbio kwa kila mara anapotolewa, ni 91.23, na Uingereza ilikaa hadi 1930, alipokuja Bradman, mpigaji wa Australia, ndipo ukapitwa. Yote hayo kwa mtu ambaye kazi yake ilikuwa farasi na upanga.

Oktoba mwaka huohuo Vita vya Makaburu, kati ya Waingereza na Makaburu wa Afrika Kusini, vikazuka. Poore akawa mkuu wa polisi wa jeshi chini ya Kitchener, jenerali aliyeongoza majeshi ya Uingereza, na hapo ndipo mimi humwona ana uzito kuliko pale Taunton, kwa sababu aliandika shajara. Oktoba 1901 aliandika kwamba Kitchener ametoa amri: Kaburu atakayekamatwa vitani amevaa sare za Waingereza ahukumiwe papo hapo, na hukumu ithibitishwe na kamanda.

Mistari hiyo imezua ubishi mpaka leo. Luteni Harry Morant, ofisa wa upande wa Uingereza aliyeuawa kwa risasi Pretoria mwezi Februari 1902 kwa kosa la kuua mateka, alijitetea kwamba alifuata amri. Wanaomtetea huishika shajara ya Poore kama ushahidi. Mimi hainishawishi. Visser, mmoja wa mateka wa Kikaburu katika kesi hiyo, aliuawa Agosti 1901, kabla Poore hajaandika neno hilo, na Makaburu wanane waliouawa baadaye mwezi huohuo walikuwa wameshasalimu amri. Amri kuhusu sare haiwagusi watu hao. Inachothibitisha shajara ni kwamba makao makuu nayo yalikuwa yakiagiza watu wahukumiwe papo hapo vitani, na hilo peke yake linatosha kuwakosesha majenerali usingizi.

Poore alipanda hadi brigedia jenerali, akafariki 1938. Karibuni kwa maswali.