Charles Herrold na Kazi ya Utangazaji katika Mji Mdogo

Ndugu Mwenyekiti, walimu wangu na wasikilizaji wote,

Nimeombwa nizungumzie maisha ya mtangazaji wa redio wa mji mdogo, nami nimemchagua Charles Herrold wa San Jose, California. Vitabu vingi humtaja kama fundi wa mitambo. Ninavyoona mimi, kilichomfanya awe mtangazaji ni miadi aliyoiweka na watu wa eneo lake na kuitimiza juma baada ya juma, wakati ambapo karibu kila mtu aliyeshughulika na mawimbi ya redio aliyaona kuwa njia ya kupelekeana ujumbe kati ya mtu mmoja na mwingine.

Herrold alizaliwa mwaka 1875, akasoma katika Chuo Kikuu cha Stanford lakini hakumaliza kwa sababu ya maradhi, na tetemeko la ardhi la mwaka 1906 likamharibia shughuli alizokuwa ameanza San Francisco. Mwezi Januari 1909 alifungua chuo cha mawasiliano yasiyo na waya katika jengo la benki mjini San Jose, mji ambao wakati huo haukufikisha wakazi 30,000. Juu ya jengo hilo alitandaza nyaya za antena.

Mitambo mingi ya siku zile ilitumia cheche za umeme, na cheche hutoa mawimbi yanayokatikakatika, yanayofaa kwa alama za Morse, yaani herufi zinazotumwa kwa nukta na vistari, lakini hayawezi kubeba sauti ya mtu vizuri. Baada ya majaribio ya awali ya cheche, Herrold aligeukia mtambo wa tao la umeme, yaani umeme unaowaka mfululizo kati ya ncha mbili, ambao hutoa wimbi lisilokatika. Ugumu wake ulikuwa kwamba mkondo mkubwa wa umeme ulipita katika kinasa sauti (maikrofoni) chenyewe, kikapata moto, hata ikambidi atengeneze vinasa sauti vya kupozwa kwa maji. Msemaji wa leo, anayekaa studio bila hata kufikiria kifaa kilicho mbele ya midomo yake, anapaswa kuwaheshimu sana watu waliosema mbele ya chombo cha namna hiyo.

Sasa nifike kwenye jambo ninalolithamini zaidi. Mwaka 1910 Herrold alitoa maelezo ya kiapo kwamba alikuwa akiwarushia muziki wapenzi wa redio waliotawanyika katika bonde la Santa Clara. Wengi wao walikuwa vijana waliojitengenezea vipokezi vidogo vya jiwe la galena, madini yanayonasa mawimbi ya redio, wakisikiliza kwa vifaa vya masikioni. Mkewe, Sybil, alikuwa na kipindi cha Jumatano jioni, akiazima santuri mpya kutoka duka la muziki la mjini na kuwachezea vijana hao, nao baadaye wakaenda dukani kuzitafuta. Hapo tayari tunaona siku maalumu, sauti inayofahamika, wasikilizaji wanaotarajiwa, na biashara ya mji inayofaidika. Sybil ni miongoni mwa wanawake wa kwanza kabisa kutangaza redioni, na ninasikitika kwamba jina lake hutajwa mara chache kuliko la mumewe.

Marekani ilipoingia katika Vita vya Kwanza vya Dunia mwezi Aprili 1917, serikali ilifunga vituo vya raia, na Herrold akanyamaza kwa miaka kadhaa. Katika kipindi hicho teknolojia ilimpita: mitambo ya valvu, yaani taa za kioo za kukuza umeme, ilichukua nafasi ya tao, na ujuzi alioujenga kwa miaka mingi ukakosa matumizi. Alirudi hewani, akapata leseni ya kituo cha KQW mwishoni mwa mwaka 1921, lakini mji mdogo haukuwa na fedha za kukiendesha, naye mwaka 1925 alikikabidhi kwa kanisa la Kibaptisti la hapo hapo San Jose. Baadaye alifanya kazi ya ufundi wa matengenezo, na hata akafanya kazi ya usafi katika kiwanda cha meli. Alifariki mwaka 1948, akiwa karibu amesahauliwa. Kituo chake kilikua, kikahamia San Francisco na kuitwa KCBS, na kinaendelea kutangaza.

Wako wanaosema utangazaji ulianza tarehe 2 Novemba 1920, kituo cha redio cha KDKA cha Pittsburgh, Marekani, kilipotangaza matokeo ya uchaguzi wa rais. Sikatai uzito wa tukio hilo, kwa kuwa KDKA ilikuwa na kampuni kubwa nyuma yake na iliendelea bila kukoma. Hata hivyo, anayetafuta asili ya mtangazaji wa mji mdogo, anayejua ni nani anamsikiliza na kwa nini, atamkuta San Jose zaidi ya miaka 10 kabla. Mwaka 1959 mhadhiri Gordon Greb alipoichunguza habari hii, alimkuta Sybil akiwa bado hai, akamrekodi akisimulia mwenyewe kipindi chake cha Jumatano.