Nyimbo 10, Dakika 36: Jinsi 4:44 ya Jay-Z Ilivyopikwa na Ilivyopokewa

Ndugu zangu wapenzi wa hip hop, habari za jioni.

Waandaaji wamenipa dakika 40 kuzungumzia albamu ya dakika 36, kwa hiyo siwezi kulalamikia muda. Albamu yenyewe ni 4:44 ya Jay-Z, iliyotoka tarehe 30 Juni 2017. Siku hiyo alikuwa na miaka 47, na ilikuwa imepita miaka 21 tangu albamu yake ya kwanza ya 1996. Hii ilikuwa ya 13 kurekodi studio akiwa peke yake. Hoja yangu ni kwamba mkongwe huyu alifaulu kwa kupunguza: watayarishaji, nyimbo, kelele, majigambo. Kisha kazi hiyo iliyopunguzwa ikapelekwa kwenye mizani iliyotengenezwa kupima vitu vikubwa, na karibu ugomvi wote wa mapokezi ulianzia hapo.

Tuanze jikoni.

Rapa akishakaribia miaka 50 anawindwa na mitego miwili. Wa kwanza ni kuwaiga vijana: anachukua biti ya msimu, anaalika sauti za msimu, na msikilizaji anasikia baba mtu amevaa suruali ya mwanawe. Wa pili ni kujirudia: simulizi zilezile za mtaani, wakati kila mtu anajua mtaa huo aliuhama zamani. Albamu yake ya Magna Carta Holy Grail ya 2013 ilikanyaga mitego yote miwili, kwa maoni yangu. Sauti zake ni kubwa, za gharama, na mistari mingi inahesabu mali.

Kwa 4:44 alimchukua mtayarishaji mmoja tu kwa albamu nzima, No I.D. wa Chicago. Huyu ndiye aliyesimamia sehemu kubwa ya Resurrection, albamu ya rapa Common, mwaka 1994, na ndiye aliyemfundisha Kanye West utayarishaji akiwa bado kijana. Faida ya mtayarishaji mmoja mara nyingi hutajwa kuwa ni sauti moja. Hiyo ni kweli, lakini iliyo kubwa zaidi ni kwamba mtu mmoja anaweza kukataa. Ukiwa na watayarishaji 9, kila mmoja analeta biti yake bora na hakuna anayemwambia mkongwe kwamba ubeti huu haujafika. Mmoja anayebeba kazi nzima ana haki ya kusema rudia.

Sasa sampo, maana albamu hii imejengwa nazo karibu mwanzo hadi mwisho. Kwa wasioujua ufundi huu, sampo ni kipande cha rekodi ya zamani kinachokatwa na kugeuzwa kuwa ala. Unasikiliza rekodi, unatafuta sehemu yenye hisia, unaikata vipande vifupi, pengine neno moja au pumzi moja. Unapandisha au kushusha kasi, na ukitumia njia ya zamani sauti nayo inapanda au kushuka pamoja na kasi. Kisha unavipanga vipande kwenye vitufe vya mashine na kuvipiga kwa vidole kama mtu anayepiga kinanda.

Kinachoharibika mara nyingi ni hiki: mtayarishaji anapata kipande kitamu chenye sauti ya mwimbaji, anakiacha kizunguke chenyewe, halafu anamweka rapa juu yake. Sauti mbili za binadamu zinakaa kwenye masafa yaleyale na zinagombania sikio. Wengi hukimbilia kuongeza sauti ya rapa, na mchanganyiko mzima unapasuka. Tiba ni kukata upya, ili mwimbaji wa zamani asikike pale rapa anapovuta pumzi. Sikilizeni The Story of O.J., ambamo sauti ya Nina Simone kutoka Four Women ya 1966 imekatwakatwa. Haikai nyuma kama pambo. Inaingia na kutoka, inajibu, wakati mwingine inaonekana kumkatiza. Ngoma nazo zimesogezwa nyuma, na katika sehemu nyingi za albamu hazigongi kama ulivyozoea kwa Jay-Z. Rapa anabaki anazungumza kwa sauti ya mtu aliye mezani. Kwa koo la miaka 47 hiyo ni hekima, maana mapafu hayashindani tena na ngoma.

Orodha ya waliokatwa ni ya bei mbaya: Nina Simone mara mbili, Stevie Wonder kwenye Smile, Donny Hathaway kwenye Legacy, Fugees kwenye Moonlight, Sister Nancy kwenye Bam, The Clark Sisters kwenye Family Feud. Nasema bei mbaya kwa sababu kila sampo ina milango miwili ya kugonga. Upo umiliki wa rekodi, ambao kwa kawaida uko kwa kampuni, na upo umiliki wa utunzi, ulio kwa mtunzi au msimamizi wa kazi zake. Mlango mmoja ukifungwa, wimbo hautoki. Msanii chipukizi anayesikia albamu hii na kutaka kuiga mbinu yake ajue kwamba nusu ya mbinu ni mwanasheria.

Wimbo uliobeba jina la albamu umejengwa juu ya sauti ya Hannah Williams, mwimbaji wa soul wa Uingereza. Humo Jay-Z anamwomba radhi mkewe, Beyoncé, kwa kutokuwa mwaminifu katika ndoa. Beyoncé alikuwa ameshasema upande wake kwenye albamu yake ya Lemonade, Aprili 2016, kwa hiyo radhi ilichelewa miezi 14. Wapo waliosifu ujasiri. Wapo waliouliza, kwa haki kabisa, ni ujasiri gani kukiri jambo ambalo dunia nzima inalijua tayari. Mimi niko katikati: kukiri kulikuwa kumechelewa, lakini jinsi alivyokiri, bila utani na bila kujitetea, ni kitu ambacho marapa wa rika lake hawakuwa wamezoea kukifanya. Kwenye Smile anazungumza waziwazi kwamba mama yake, Gloria Carter, anapenda wanawake, na mama mwenyewe anaufunga wimbo kwa maneno yake. Kwangu hapo ndipo kilele cha albamu kilipo, kuliko hata ile radhi.

Tuje kwenye mizani.

Mwaka 2015 Jay-Z alinunua kampuni iliyokuwa na Tidal, huduma ya kusikiliza muziki mtandaoni, kwa dola milioni 56. Januari 2017 kampuni ya simu ya Sprint ikachukua asilimia 33 ya Tidal. Albamu ilipotoka, wiki ya kwanza ilisikika kwa wateja wa Tidal na wa Sprint tu. Aliyekuwa nje ya uzio huo alisubiri, au alipakua nakala ya wizi, na mnaujua uvumilivu wa watu wa mtandaoni. Hazikupita siku 6, RIAA, chama cha makampuni ya kurekodi muziki Marekani, kikaipa cheti cha platinamu, yaani nakala milioni 1. Wakati huohuo, kwenye chati ya Billboard, jarida la Marekani linalopanga albamu kwa mauzo na usikilizaji, ya wiki hiyo albamu haikuonekana kabisa.

Watu walidhani mmoja kati ya hao wawili anadanganya. Hapana. RIAA inahesabu nakala zilizolipiwa, hata kama mlipaji ni kampuni inayozigawa bure kwa wateja wake. Billboard inataka kuona msikilizaji wa mwisho akitoa pesa yake au akisikiliza. Mchezo huu haukuwa mpya. Mwaka 2013 Samsung ilinunua nakala milioni 1 za Magna Carta kwa dola 5 kila moja, RIAA ikabadili kanuni yake ya kusubiri siku 30 kwa albamu za kidijitali, na Billboard ikakataa kuzihesabu.

Tarehe 7 Julai uzio ulifunguliwa kwa huduma nyingine, ingawa Spotify haikuwemo. Ndipo albamu ikaingia namba 1 na hesabu ya 262,000. Kati ya hizo 174,000 zilikuwa mauzo halisi ya albamu nzima, na zilizobaki zilitokana na kusikilizwa mtandaoni na nyimbo kununuliwa mojamoja. Ilikuwa albamu yake ya 14 kushika namba 1, ukijumlisha na alizoshirikiana na wengine, na wakati huo hakuna msanii asiye kundi aliyekuwa na nyingi kuliko hizo.

Hapa naomba mshike kalamu. Kwa kanuni za wakati ule, nyimbo za albamu zikisikilizwa mara 1,500 zilihesabiwa sawa na albamu 1 iliyouzwa. Albamu ya nyimbo 10 inahitaji isikilizwe yote mara 150 ili ihesabiwe moja. Mwaka huohuo Chris Brown alitoa albamu ya nyimbo 45. Hiyo inahitaji isikilizwe yote mara 33 na kidogo tu. Ndiyo maana miaka ile albamu zilinenepa: kila wimbo wa ziada ulikuwa mbegu kwenye chati. Kuleta nyimbo 10 katika soko la namna hiyo ni kuchagua kupoteza hesabu. Nyimbo 3 zaidi ziliongezwa baadaye, na kwa maoni yangu ilikuwa afadhali zikae kando.

Maneno nayo yalileta ugomvi wake. Kwenye The Story of O.J. anatoa somo la fedha: jengo la Dumbo, Brooklyn, ambalo angelinunua kwa dola milioni 2 na sasa lina thamani ya milioni 25. Somo zuri kwa mwenye milioni 2. Wakosoaji walisema umaskini hapa umegeuzwa kuwa kukosa maarifa, na sioni jibu lake kwenye albamu. Mstari mwingine katika wimbo huohuo, unaohusisha Wayahudi na umiliki wa majengo Marekani, ulisababisha Anti-Defamation League, shirika la Marekani linalopinga chuki dhidi ya Wayahudi, kutoa tamko: hawakuona nia mbaya, ila walihofia unalisha dhana ya zamani yenye madhara. Waliomtetea walisema ni chumvi ya kimashairi. Chumvi sawa, lakini mpishi aliyekaa jikoni miaka 21 anajua kipimo.

Mwisho, tuzo za muziki za Grammy, awamu ya 60, New York, tarehe 28 Januari 2018. Jay-Z aliteuliwa mara 8, akaondoka mikono mitupu. Wengi hukumbuka sifuri hiyo na kusahau ilivyogawanyika. Bruno Mars alimshinda kwenye vipengele 3 vikubwa: albamu, rekodi na wimbo wa mwaka. Kendrick Lamar alimshinda kwenye 5 vilivyobaki, vinne vya rap na kimoja cha video. Kwa hiyo ndani ya rap aliangushwa na mtu mmoja tu, mdogo wake kwa zaidi ya miaka 17.

Na ule uzio? Juni 2018 yeye na Beyoncé walitoa Everything Is Love, nayo ikaanzia Tidal. Safari hii haikufungiwa wiki nzima. Baada ya siku 2 ilikuwa kwenye huduma nyingine, Spotify ikiwemo. Tarehe 4 Desemba 2019, siku aliyotimiza miaka 50, nyimbo zake za miaka yote zikarudi Spotify.

Karibuni maswali.