Huku Mlevi ni Kesi: Baa za Marekani, Nikiwa Upande wa Ndani wa Kaunta

Wadau wangu, hamjambo? Karibuni tena. Leo hakuna kutembea mjini, hakuna maduka, hakuna magari makubwa. Nipo jikoni kwangu hapa Houston, Texas, chai ipo mezani, na naongelea kazi inayonilisha. Mimi ni bamedi. Ndiyo, mmesikia vizuri. Mama yangu kule Mwanza amewaambia majirani nafanya kazi hotelini, na mimi nimemwacha tu, mnajua wenyewe kazi hii kwetu inavyotazamwa.

Maswali yenu ni yale yale. Kuna wanaouliza, dada, kazi ya baa huko inalipa? Na kuna yule mwenye vihela vyake ameweka pembeni anayeuliza, nikija huko nikafungua baa ya Kibongo, nyama choma, muziki wa nyumbani, si natoka? Nitawajibu wote. Ila kabla ya hela kuna jambo moja lazima likae kichwani, bila hilo hesabu zangu zote mtaziona za ajabu. Kwetu mteja akilewa ndipo baa inapoanza kupata faida. Anamwaga ofa meza nzima, hahesabu chupa, na bili ikija na bia hewa mbili tatu analipa huku anacheka. Huku mteja akilewa ni kesi. Kuanzia mlinzi wa mlangoni mpaka karatasi za bima, kila kitu kimepangwa kumkwepa mtu huyo.

Ngoja niwape sheria ya Texas kama ilivyo. Nikimuuzia pombe mtu ambaye kalewa waziwazi, mimi mhudumu, siyo bosi, mimi, naweza kutozwa faini ya dola 100 hadi 500, au kufungwa mpaka mwaka mmoja, au vyote viwili. Nikimuuzia aliye chini ya miaka 21, faini inaweza kufika dola 4,000, na jela mpaka mwaka. Hiyo ni jinai. Bado madai. Mtu nimemhudumia huku kila mwenye macho anaona kalewa chakari na ni hatari, kaingia kwenye gari, kagonga watu: waliogongwa wana haki ya kuishtaki baa. Siyo dereva peke yake, baa!

Na jiji lenyewe mlifikirie. Houston haina bodaboda wa kukurudisha nyumbani, na mji umetanuka kiasi kwamba kutembea kwa miguu hata hufikirii. Karibu kila anayekaa mbele yangu kaja na gari lake. Kwa hiyo mlevi wa hapa ni dereva mlevi mtarajiwa. Na nyie mnaokuja kutembea na viza, hili liandikeni ukutani: ukikamatwa unaendesha umelewa, viza inaweza kufutwa hata kabla mahakama haijatoa hukumu.

Ndiyo maana kabla ya kumimina hata glasi moja unapelekwa kwenye mafunzo. Unapata cheti kinachotambuliwa na TABC, yaani tume ya vileo ya Texas, na kila baada ya miaka 2 unakifanyia upya. Kisheria siyo lazima kila mhudumu awe nacho, lakini bosi mwenye akili hakuajiri bila cheti, kwa sababu wafanyakazi wake wakiwa wamefunzwa na yeye hajawasukuma kuvunja sheria, leseni yake inapata kinga siku mmoja wetu akikosea. Mnafundishwa kumsoma mtu: sauti imepanda, pesa anazihesabu mara tatu, anamng'ang'ania jirani ambaye hataki maongezi. Halafu mnafundishwa kukataa.

Hapo kwenye kukataa ndipo kazi ilipo. Hauanzi na hapana. Unaanza na glasi ya maji ambayo hajaiagiza. Kisha unakuwa mzito, unajifanya una wateja wengi upande wa pili. Unamletea menyu ya chakula. Ikishindikana, unainama karibu naye, sauti ya chini wasisikie wenzake, unamwambia kaka, leo imetosha, nikuitie Uber? Kwetu mtu mzima mwenye hela mkononi ukimnyima bia angemwita meneja, na meneja angekusema mbele za watu. Huku anamwita meneja, meneja anakuja, anasimama upande wangu. Mara ya kwanza kuona hivyo nilibaki nimeduwaa.

Suala la umri sasa. Mwaka 1984 serikali kuu ilitunga sheria ya ujanja sana. Haikusema moja kwa moja kwamba umri wa kunywa nchi nzima ni miaka 21, maana vileo ni mamlaka ya majimbo. Ikasema, jimbo litakaloruhusu walio chini ya 21 kununua pombe litakatwa asilimia 10 ya fedha za barabara. Majimbo yote yakanyooka. Kwa hiyo usishangae mtu mwenye mvi anaulizwa kitambulisho, baa nyingi zinamwuliza kila mtu ili asiwepo wa kukadiria umri kwa macho. Mgeni njoo na pasipoti. Leseni yako ya udereva ya Bongo mlinzi hajawahi kuiona, na tarehe huku wanaanza na mwezi, mtabishana usiku kucha.

Vituko havikosekani. Texas mhudumu anaruhusiwa kuuza pombe akiwa na miaka 18. Yaani binti anakumiminia, yeye mwenyewe haruhusiwi kuonja. Halafu sheria hiyo hiyo inamruhusu mtoto kunywa akiwa mbele ya mzazi wake, mzazi akikubali. Nyie mnaosema Wazungu wa huku wamelegea na wengine mnaosema wamebana sana, wote mna hoja. Na kule Tennessee, kiwanda cha whisky ya Jack Daniel's kipo Lynchburg, ndani ya wilaya ambayo tangu zamani inahesabiwa kuwa kavu, haina baa za kuuza pombe kali kama hizi zetu. Whisky inasafiri dunia nzima, mwenyeji anapata shida kuinywa kwenye kaunta ya nyumbani.

Haya, hela. Mshahara wangu wa saa, ule anaonilipa mwenye baa, ni dola 2 na senti 13. Sijakosea. Kima cha chini cha serikali kuu ni dola 7.25, hakijapanda tangu 2009, lakini kwa mfanyakazi anayepokea bakshishi mwajiri anaruhusiwa kulipa 2.13, na hiyo haijaguswa tangu 1991. Kuna waliojifungua mwaka huo, na watoto hao leo nawahudumia na vitambi vyao. Kazi ya saa 40 kwa wiki ni dola 85 na senti kidogo, na kodi ya bakshishi inakatwa humo humo, kwa hiyo kuna wiki hundi inatoka na namba ya kuchekesha. Bakshishi zisipofikisha 7.25 kwa saa mwajiri lazima ajazie. Siyo majimbo yote yako hivyo, California na Minnesota kwa mfano wanalipa kima kamili na bakshishi inakuwa juu yake. Texas ndiyo hii.

Kwa hiyo anayenilipa ni mteja. Bia moja, dola moja ya bakshishi. Bili kubwa, asilimia 20. Siyo chenji anayokuachia mtu akijisikia, ni mshahara wa watu. Ijumaa nzuri naondoka na fedha ambayo ofisini ingenichukua siku kadhaa, Jumatatu ya mvua naondoka na hela ya mafuta. Kuanzia mwaka 2025 kuna nafuu imekuja, bakshishi mpaka dola 25,000 kwa mwaka zinaweza kutolewa kwenye hesabu ya kodi ya mapato ya serikali kuu, na nafuu hiyo imewekwa mpaka 2028. Wabongo wenzangu, nawapenda, lakini mkija baa za huku mkanywa bili ya dola 100 mkaacha dola 3 na tabasamu, tunawajua na tunawasema.

Sasa tuhamie kwa mwenye baa, maana yule mwenye vihela vyake bado ananisubiri. Chupa ya mililita 750 ya pombe kali, tuseme kainunua dola 20. Toti ya kawaida huku ni aunsi moja na nusu, kama mililita 44, chupa inatoa toti 16 na kidogo. Akiuza dola 8 kila moja anapata 128. Ninasikia mtu anapiga makofi! Subiri. Texas, baa yenye kibali cha pombe kali inakatwa asilimia 6.7 ya mauzo ya vileo, siyo ya faida, ya mauzo, na mteja juu yake anatozwa asilimia 8.25. Kisha pango, bima ya kesi za walevi, mlinzi, umeme wa kiyoyozi katika joto hili la Houston, ada za hakimiliki za muziki, king'amuzi cha biashara cha kuonyeshea mpira, ambacho bei yake haifanani hata kidogo na cha sebuleni. Na mimi hapo kaunta nikiwa na mkono mwepesi, nikamimina aunsi mbili badala ya moja na nusu, chupa inatoa toti 12. Dola 32 zimeyeyuka, na wateja wananisifia kwamba nina roho nzuri. Ndiyo maana tunahesabu kimoyomoyo tukimimina, na wengine wanalazimishwa kutumia kipimo.

Kuchanganya mabaki ya chupa mbili, au kujazia chupa ya bei ghali kinywaji cha bei rahisi, ni kosa la serikali kuu. Nasema hivyo tu, simwangalii mtu.

Na usitegemee kampuni ya bia ikubebe. Nyumbani unafungua baa, kampuni inakupakia rangi ukutani, inaleta friji, viti, miamvuli, na wewe unauza bia zao. Huku marufuku, na sababu ni ya zamani. Kabla pombe haijapigwa marufuku nchi nzima mwaka 1920, baa nyingi zilikuwa chini ya viwanda vya bia, kiwanda kinalipia vifaa na kinamshinikiza mwenye baa auze zaidi na zaidi. Marufuku ilipoondolewa Desemba 1933, majimbo yalipewa mamlaka juu ya vileo, na mengi yakakata mnyororo vipande vitatu: anayetengeneza, msambazaji wa jumla, anayeuza rejareja. Mmoja asimnunue mwenzake kwa zawadi. Hapa Texas bia inaposhushwa mlangoni unalipa papo hapo, hakuna kukopeshwa kreti mpaka wikiendi ipite.

Wanywaji wenyewe? Wapweke kuliko nilivyotarajia. Mtu anakuja peke yake, anakaa kaunta, anaangalia mpira wa Kimarekani, anaongea na mimi kuhusu talaka yake kama tumezaliwa nyumba moja, kesho tukikutana dukani ananipita. Wakija sita wanataka bili sita. Ofa ya kuzungusha meza ipo, ila kwa uchache. Mteja anatoa kadi mwanzoni, tunaishika, anakunywa, mwisho tunakata, na akisahau kadi anarudi kesho na aibu zake. Saa nane usiku mwisho wa kuuza. Saa nane na robo glasi lazima iwe imetoka mezani, hata kama umeilipia sasa hivi, na taa zote zinawashwa, utaona sura usizozitegemea. Hakuna kumwambia askari tuelewane.

Halafu watu wanapunguza kunywa. Utafiti wa mwaka 2025 wa Gallup, kampuni ya kura za maoni, ulikuta watu wazima wanaosema wanakunywa ni asilimia 54, kiwango cha chini kuliko chochote walichowahi kupata. Mimi naona kwenye kaunta: vijana wanaagiza bia isiyo na kilevi, bei ile ile, na wanapiga picha zaidi ya kunywa. Bosi analalamika. Mimi silalamiki, bakshishi ya asiyelewa ni ile ile na saa nane simbebi mtu.

Haya kaka mwenye vihela. Ukija Texas, kibali cha pombe kali kiache kwanza. Kuna kibali cha bia na mvinyo peke yake, ni nafuu, na ile asilimia 6.7 haikuhusu, unatoza kodi ya kawaida ya mauzo. Tafuta eneo mapema, maana miji mingi inakataza baa ndani ya futi 300, kama mita 91, kutoka kanisani, shuleni au hospitalini, na Houston makanisa hayahesabiki. Weka jiko kubwa kuliko kaunta. Mbuzi, ndizi za kukaanga, kachumbari, supu ya asubuhi ya Jumapili kwa waliokesha. Chakula kikizidi vileo kwenye mauzo, hutabandika mlangoni ile namba 51 nyekundu, alama ya baa ambazo asilimia 51 au zaidi ya mapato yake ni pombe inayonywewa humo. Baa ya 51 ndiyo ambayo hakuna kuingia na bastola hata ukiwa na leseni yake, na familia zikiiona zinajua hapo siyo pa kuja na watoto. Wewe unawataka watoto. Mama akija na watoto Jumamosi saa nane mchana, baba anakuja, shemeji anakuja, na meza inalipa.

Na mimi nitakuja kukufanyia kazi, kwa sharti moja: Wabongo wote mlangoni wasomewe asilimia 20. Zamu yangu inaanza saa kumi na moja, ngoja nikapige pasi shati.