Boga la Kujaza kwa Meza ya Novemba

ZUHURA: Karibuni. Mimi ni Zuhura, niko na kaka Baraka, tunaongea nanyi kutoka Minneapolis. Majani yamepukutika, masoko yamejaa maboga, na Alhamisi ya nne ya Novemba wengi wetu tumealikwa Thanksgiving, sikukuu ya Wamarekani ya kutoa shukrani. Leo tunaoka boga la kujaza, la kusindikiza bata mzinga.

BARAKA: Tuanze na boga lenyewe, dada. Yako ya kila aina.

ZUHURA: Chukua acorn. Lile dogo la kijani kiza, lenye mifereji. Ukilipasua kutoka kikonyo hadi kitakoni, kila nusu ina shimo lake tayari, na inamtosha mtu mmoja. Butternut ni tamu zaidi ila shimo lake dogo. Tafuta lenye doa la rangi ya chungwa pale lilipolalia ardhi. Likiwa limegeuka chungwa lote, liache, litakuwa nyuzi tupu.

BARAKA: Na ganda lile gumu? Kisu kinateleza, mtu anajikata.

ZUHURA: Litoboe mara chache kwa ncha ya kisu, liweke kwenye maikrowevu dakika mbili, kisha pitisha kisu ndani ya mfereji.

BARAKA: Sisi Tanga boga tunalipika kwa nazi, basi. Kulijaza nimekuta huku, na mara nyingi nimelila juu limekauka, ndani bado gumu.

ZUHURA: Kwa sababu wamelijaza likiwa bichi! Kaka, boga liive kwanza peke yake. Oveni iwe digrii 200 za Selsiasi, yaani 400 za Farenhaiti. Toa mbegu, paka mafuta, chumvi na pilipili manga, ulilaze kifudifudi kwenye trei, dakika 35 hadi 45. Mvuke unabaki ndani na kulilainisha, na ukingo ulioshika trei unageuka kahawia. Utamu wa boga uko kwenye ukingo ule.

BARAKA: Ndani tunatia nini?

ZUHURA: Huku Minnesota, mchele-mwitu, ambao Waojibwe, wenyeji wa asili wa huku, wanauita manoomin. Si mpunga wetu tuliouzoea, ingawa ni ndugu yake. Ni nyasi inayoota ziwani. Mwisho wa Agosti na Septemba wanaingia na mitumbwi: mmoja anasukuma kwa upondo, mwenzake anainamisha mabua na kuyagonga kwa vijiti viwili, punje zinaanguka mtumbwini. Zinazoanguka majini ndiyo mbegu ya mwaka ujao. Nunua huo ukiupata, pesa inawafikia wavunaji, na unaiva upesi kuliko ule mweusi wa kulimwa, unaoweza kukaa jikoni saa nzima.

BARAKA: Nimekupata. Halafu?

ZUHURA: Kaanga vitunguu na selari kwa siagi, tia mchele ulioiva, kranberi kavu, yale matunda madogo mekundu yenye uchachu, pekani, aina ya kokwa, zilizokatwakatwa, na supu kidogo ujazo usikauke. Geuza maboga, jaza, rudisha dakika 15.

BARAKA: Wenyeji wengi wanatia soseji.

ZUHURA: Na mara nyingi ni ya nguruwe, kwa hiyo ukialikwa uliza. Ukipika mwenyewe bila nyama, na supu ikawa ya mboga, hata mgeni asiyekula nyama anakula.

BARAKA: Hujataja sukari, wala shira ya mepo, ile ya utomvu wa mti.

ZUHURA: Sitaji. Meza ile ina viazi vitamu, ina mchuzi wa kranberi, ina pai. Boga litoe chumvi na siagi.

BARAKA: Hapo sikubali, dada. Kijiko kimoja cha mepo ukingoni, dakika tano za mwisho. Mti ni wa huku, boga ni la huku.

ZUHURA: Weka kwenye nusu yako, kaka. Na wasikilizaji, siku ile oveni ina bata mzinga tangu asubuhi. Okeni maboga Jumatano, yapoe, yaingie friji. Alhamisi, bata akitoka kupumzika, jazeni na kuyapasha dakika 20 hadi 25 yakiwa yamefunikwa foili.